Mjumbe wa Jikoni

Tarehe nane Desemba, kengele za misa bado hazijalia,
Shangazi Agatina aliteremka kwetu na mlozi wake mzima ndani ya mfuko:
kilo tatu za lozi zilizomenywa, nyeupe kama meno ya utotoni.
Shangazi Venera alikuwa ameshafika na tini,
zilizotungwa ukambaani tangu Agosti,
ngumu, zimejikunja,
tamu kuliko mwenyewe.

Miaka kumi na mmoja hawakuwa wamesemeshana.
Chanzo ni kitanda cha shaba cha marehemu mama yao,
ambacho mwishowe hakulala mtu.
Kiliwekwa bandani. Kuku wakakitagia.

Ila biskuti za Noeli hazijui kununa.
Lozi bila tini ni kokoto,
na tini bila lozi ni majonzi yanayonata vidoleni.
Tena mashine ya kusagia ilikuwa moja, ya chuma:
kiwiliwili kwa Venera, mpini kwa Agatina.
Ndivyo walivyogawana urithi, msiniulize zaidi.

Na mimi? Nilikuwa na miaka tisa, nikiishi katikati.
"Orazio, mwambie shangazi yako anazungusha haraka mno."
"Orazio, mwambie shangazi yako mkono ni wangu."
Hatua mbili tu baina yao, meza moja,
nami nageuka huku na huku kama jogoo wa bati juu ya paa,
nikirudia maneno ambayo kila mtu kayasikia.
Mjumbe hauawi, kweli,
lakini hakuna aliyesema hachoki.

Mwaka ule niliamka na mafua, koo limekauka kau.
"Mwambie shangazi yako karafuu ni mbili.
Ya tatu ni dawa ya jino."
Nikafungua kinywa: hewa tupu.
Nikajaribu tena. Paka akanitazama.

Basi jiko likanyamaza.
Mashine ikakoroma, tini zikatoka puani mwake nyeusi, nzito,
zabibu zilizolala usiku kucha ndani ya divai zikafuata,
maganda ya chungwa, mdalasini, asali iliyogoma kuachana na kijiko.
Nje, Etna ilipiga chafya,
na majivu yakashukia shuka za jirani aliyejidai kufua mapema.

Agatina akausogelea unga, akamega, akaonja.
Akanitazama mimi.
Akaitazama dari.
Mwishowe akaiambia sufuria:
"Chumvi haimo."

Venera alikuwa akipaka sinia mafuta ya nguruwe.
Hakugeuka. Aliijibu kabati:
"Itatiwa."

Kufikia adhuhuri walikwisha kuongea na mwiko,
na ungo, na dirisha, na mtakatifu wa kwenye kalenda,
ambaye alilaumiwa kwa bei ya sukari.
Walisukuma unga, wakaulaza mchanganyiko juu yake
kama mtoto anayefunikwa shuka,
wakaviringisha, wakakata, wakachanja kingo kwa kisu
ili vipande vipinde viwe pete.
Vidole ishirini, na havikugongana hata mara moja.
Mwili una kumbukumbu ambazo kinywa kimezikataa.

Kisha, jioni, sinia la tatu likiwa tanuruni
na Agatina amesinzia kitini, unga hadi kwenye nyusi,
Venera akasema
(si kwa kabati, si kwa sufuria)
jina ambalo sikuwahi kulisikia mdomoni mwake:

"Tina. Zinaungua."

Ziliungua kweli. Walizila zile nyeusi,
wamesimama, bila sahani, wakipulizia vidole.
Hakuna aliyelia. Hakuna aliyekitaja kitanda.
Agatina alisema tu kwamba mama alikuwa akiziunguza hivihivi,
na Venera akasema hapana, zaidi.

Kesho yake wakaninunia wote wawili, kila mtu kwake,
wakisubiri nipone.

Sauti yangu ilirudi tarehe kumi na mbili, asubuhi,
nikimfukuza kuku bandani.
Nikaimeza.
Nikaificha hadi Noeli.